Muziki wa Nyuma ya Shuka

Kabla ya kodiani kulia, hupumua kwanza. Hiyo ndiyo sauti ninayoikumbuka vizuri kuliko zote. Baba alikuwa anakaa kwenye kigoda mlangoni, anapitisha mkanda begani, anabonyeza kitufe kidogo cha pembeni kisichotoa wimbo wowote, kisha anaivuta polepole mpaka mikunjo yake yote inafunguka. Haaaa. Hewa tupu, kama ng'ombe aliyeshiba akijilaza. Anaifunga, haaaa tena. Alifanya hivyo mara mbili tatu kabla ya kugusa wimbo, na kuna siku hakuufikia wimbo kabisa, aliishia hapo akairudisha kwenye gunia lake.

"Naipumzisha," alikuwa anasema.

"Ipumzishe tu," mama anamjibu kutoka jikoni. "Imelima sana leo."

Kodiani hiyo aliinunua Bombay akirudi kutoka vita vya Burma. Wenzake wa upande wetu wa Kianjokoma walirudi na makoti mazito na mablanketi ya jeshi. Yeye alirudi na kodiani, na hadithi ya Mjapani mmoja.

Vita vilipokwisha huko, baba aliwekwa kulinda mateka. Kati yao kulikuwa na mtu mwembamba, miwani yake imefungwa kwa uzi sikioni, aliyejitengenezea filimbi ya mwanzi. Baba alimwomba amfundishe. Walizungumza kwa Kiingereza cha maneno kama thelathini hivi, mengine wakamalizia kwa vidole na kwa kuchora mchangani. Huyo mtu kwao alikuwa wa muziki wa sinema. Alianza akiwa kijana, enzi za picha zisizo na sauti, anapiga chini ya kitambaa katika jumba la picha huku watu wanatazama. Halafu picha zikaanza kusema zenyewe, na wapigaji wote wakaambiwa waende nyumbani. Akabeba mizigo sokoni miaka kadhaa. Mwishowe wenye kutengeneza picha wakagundua kwamba hata picha inayosema haitoshi bila muziki, wakamwita akae na kuutunga, picha moja baada ya nyingine, mpaka akawa mtu wa kuvuliwa kofia. Kisha vita vikamchukua pia.

Alimfundisha baba mambo mawili. La kwanza, usipige kile ambacho macho yanaona tayari. Piga kile ambacho mtu wa kwenye picha hawezi kukisema. La pili, kuna mahali pa kuondoa mikono usipige kitu. Baba alimwuliza mahali hapo utapajuaje. Mjapani akajigusa tumboni, akaendelea na filimbi yake. Asubuhi moja mateka wakapakiwa lorini, na baba hakujua walipelekwa wapi.

Mimi nilimpenda yule Mjapani kama mjomba wangu. Nilikuwa nikichota maji namwuliza baba: alifika kwao? Ana binti? Huyo binti anaruhusiwa kuingia sinema bure? Baba alikuwa ananiambia nitembee, maji yanamwagika. Mimi nilikwisha kumaliza kila kitu kichwani: nimekuwa mkubwa, nimevaa viatu, nimekaa kwenye jumba la picha, na jina la baba linapita kwenye kitambaa kwa herufi nyeupe.

Mwaka tulioamriwa kuhama makwetu tukakae pamoja kijijini, kwenye nyumba za mstari zilizozungukwa na mtaro na miti iliyochongwa, kila mtu alibeba alichoweza kwa safari moja. Mama alibeba chungu na mtungi. Mimi nilibeba kuku wawili. Baba alibeba kodiani. Jembe likasahaulika, likaungua pamoja na nyumba, na mpini wake mama aliuomboleza kwa miaka.

Kaka yangu hakuwepo siku ya kuhama. Alikuwa amechukuliwa wiki tatu kabla, kwenye msako, pamoja na vijana wengine wa mtelemko wetu. Alikuwa na miaka kumi na tisa, mimi kumi na miwili. Hakuwa mtu wa msituni, wale waliokuwa wakipigana na serikali. Kama aliwahi kupeleka chakula huko, sikujua, na mpaka leo sijui.

Yeye alikuwa mtoto wa kiume wa pili. Wa kwanza alikufa mchanga. Na kwetu mtoto wa kiume wa pili hupewa jina la babu mzaa mama. Kwa hiyo mama alimwita "baba yangu", tena si kwa mzaha, kwa heshima kamili. Alikuwa akimwuliza, "Baba yangu, umekula?" na yule mvulana anajibu kama mzee, "Nimekula, mwanangu," halafu wote wawili wanacheka. Baada ya kaka kuchukuliwa, mama alikuwa anasema mbele ya moto, bila kumwambia yeyote: "Sijui kama baba yangu amekula."

Hilo ndilo swali tuliloishi nalo. Yu hai? Amekula? Atarudi? Walipelekwa kwenye kambi za huko chini tambarare, zaidi ya hapo hatukuambiwa, na kutoka kijijini bila pasi hatukuweza.

Basi likaja lori la sinema. Wakati huo, Hali ya Hatari ikiwa moto, wakubwa walikuwa wanataka tuone picha za kuchimba matuta, kuogesha ng'ombe na kuchemsha maji ya kunywa. Kwa kuwa giza likiingia hakuna aliyeruhusiwa kutoka nje, picha zilionyeshwa saa tisa mchana ndani ya shule, na madirisha yalizibwa kwa mablanketi tuliyotoka nayo nyumbani. Ukiingia unajua blanketi la nani liko wapi kwa viraka vyake, na jua likipenya kwenye tundu watu wanageuka kumtazama mwenye tundu.

Picha zenyewe hazikuwa na sauti. Mwenye lori, mtu mnene wa Machakos tuliyemwita bwana wa sinema, alikuwa na gramafoni ya kuzisindikiza, lakini barabara yetu iliivunja siku ya kwanza tu. Akauliza kama kuna mtu anayeweza kupiga chochote. Gadi wawili, askari walinzi wa kijiji, wakaja kumwita baba.

Hawakusema wanamwitia nini. Mama alimfungia ndizi mbili kwenye kitambaa, maana waliokuwa wakiitwa hivyo hawakuwa wakirudi kula. Baada ya muda baba akarudi na ndizi zake, akachukua kodiani gunia na yote, akaniambia, "Njoo." Alikuwa anauficha uso wake usicheke.

Siku ile ya kwanza aliketi mbele, kando ya shuka lililotundikwa kuonyeshea picha. Ikawa kazi bure, kwa sababu watu waliitazama mikono yake, matuta hakuna aliyeyaona. Bwana wa sinema akamhamishia nyuma ya shuka. Lakini shuka lenyewe lilikuwa mawili yaliyoshonwa pamoja, zito, na kutoka nyuma baba aliona ukungu tu. Angejuaje picha imebadilika?

Tukavumbua kamba. Ilikuwa ya katani, ncha moja imefungwa kwenye kidole gumba cha mguu wake, inapita chini ya shuka, ncha nyingine iko mkononi mwangu, mimi nimekaa kwenye tofali mbele ya watu wote. Nikivuta mara moja, picha imegeuka. Mara mbili haraka, hapa pana kichekesho. Mara tatu, mwisho, shukuru Mungu. Tena kila picha nilikuwa naihesabu urefu wake: mtu wa jembe, hadi ishirini, ng'ombe anaingia majini, hadi kumi na mbili. Nyumbani namtajia baba hesabu, naye anatunga wimbo wa kuenea hapo, kama fundi anavyokata kitambaa baada ya kupimiwa.

Ndivyo baba alivyokuwa mtunzi wa muziki wa sinema, na mimi nikawa macho yake. Nilijiona mtu mkubwa sana.

Alifuata mafundisho ya Mjapani kuliko alivyotakiwa. Picha ya matuta ilikuwa na mtu anayechimba huku anacheka. Baba hakumpigia wimbo wa kazi. Alimpigia wimbo wa mtu anayetembea haraka kwenda kumwona mgonjwa, hajui atamkuta. Wanawake wakaanza kujipangusa macho kwa ncha za leso. Bwana wa sinema akaja nyuma ya shuka.

"Mzee, hii ni picha ya matuta, si ya matanga."

"Huyo mtu anacheka kwa sababu ameambiwa acheke," baba akamwambia. "Mimi nampigia mengine yaliyobaki."

Bwana wa sinema akamwomba ayapunguze, wote wawili wana watoto. Baba akayapunguza. Lakini ukisikiliza vizuri yalikuwepo, chini chini, upande wa mkono wa kushoto.

Si wote waliompenda kwa kazi hiyo. Jirani yetu, mama mmoja mwenye ulimi, alimwambia mama kisimani kwamba sisi tunachimba mtaro mchana kutwa, halafu mume wako anatupigia wimbo wa kuchimba. Mama akamjibu amwambie mwenyewe, maana yeye alikwisha kushindwa naye tangu siku ya jembe. Walicheka kidogo, lakini mama alirudi na mtungi wake akitangulia mbele yangu njia nzima.

Alichokitaka baba hakikuwa sifa. Alitaka pasi. Aliyepiga muziki wa sinema alipewa karatasi ya kutembea na lori, na shule yetu wakati huo ilikuwa inafungwa kila baada ya kitambo, kwa hiyo mara nyingi nilikwenda naye. Tulifika Embu mjini, tukafika Meru, tukafika Kanyakine ambako wasichana waliniiga lafudhi yangu mpaka nikalia, halafu wakanipa miwa. Kila mahali baba alipiga, akasifiwa, akafunga gunia, kisha akaanza kazi yake hasa: kuwauliza madereva, makarani, wauza chai Waislamu wa mjini Meru, mwenye bucha, yeyote aliyewahi kupita tambarare. Kijana mrefu, ana kovu hapa kwenye nyusi. Hakuna aliyemwona.

Halafu nikamwona mimi.

Ilikuwa Jumamosi, pale pale shuleni kwetu. Bwana wa sinema alikuwa ameleta filamu mpya, hajaitazama hata yeye. Ilionyesha wanaume wanachimba mfereji mahali tambarare, wamenyolewa vichwa, wanapokezana udongo. Nilivuta kamba mara moja. Baba akaanza kitu cha polepole. Picha ikageuka, ikaonyesha njia ya kupandia kutoka mferejini, na kutoka kushoto akatokea kaka yangu. Hana shati, ana karai la udongo kichwani, kovu liko mahali pake. Alipofika katikati alitutazama, kama mtu aliyeitwa jina, kisha akageuza uso na kutoka upande wa kulia. Hadi saba, nilihesabu. Mazoea hayo.

Sikujua mkono wangu unafanya nini. Nilikuwa navuta kamba na kuvuta tena, nikitaka baba atoke, aje aone. Naye huku nyuma, kidole chake kikivutwa haraka haraka, alifahamu kitu kimoja: kichekesho. Akapiga ule wimbo wa dansi aliouweka kwa picha ya mtu anayeanguka na baiskeli. Na kaka yangu, kwa namna mzigo ulivyomkalia, akawa anakanyaga sawasawa na ngoma, kama anacheza. Watu wote shuleni wakacheka. Nami nilicheka, machozi yananitoka kwa furaha. Kaka yangu yu hai, ana mabega, anatembea.

Nilifika nyumbani kabla ya baba kufungua kamba mguuni. Mama alikuwa anapukuchua mahindi. Nikamwambia nimemwona.

"Umemwona nani?"

"Baba yako. Nimemwona kwa macho, amebeba karai."

Akaniuliza kama amekonda. Nikasema hapana, mabega ni mapana. Akauliza kama anachechemea, maana alikuwa amesikia watu hupigwa. Nikasema anatembea vizuri, tena alikuwa kama anacheza. Mama akajipiga mapaja, akacheka mpaka mahindi yakamwagika. Tangu tuhame sikuwa nimemsikia akicheka hivyo, peke yake, bila kumjibu mtu. Jioni ile ile alichukua mkungu wa ndizi, akaufukia kwenye shimo pembeni mwa nyumba, akafunika kwa majani makavu ya mgomba ili ziive. Kaka alipenda ndizi za kufukiwa.

Ndizi zikaiva, hakuja. Tukazila, mama akafukia nyingine.

Baba alipofika nyumbani siku ile aliniuliza jambo moja tu, alikuwa anatazama wapi. Nikamwambia alitutazama kidogo, halafu akageuza uso. Akatikisa kichwa. Kisha aliketi mlangoni akaivuta kodiani, haaaa, akaifunga, wala hakupiga. Mimi niliona ajabu. Nilidhani angecheza.

Miezi ile ilikuwa mizuri. Kokote lori lilikokwenda, baba aliomba filamu ya mfereji iwekwe, na mimi nikakaa kwenye tofali nikimsubiri kaka yangu atokee kushoto. Kanyakine niliwaonyesha wale wasichana. Nilimsalimu moyoni kila mara, nikamweleza habari: kuku mmoja amekufa, mama amepata jembe, ndizi ziko shimoni. Nilidhani anapita pale siku hiyo hiyo ninapomtazama, mahali fulani huko chini, na lori linatuletea tu. Hakuna aliyenifundisha vingine. Nilisoma hadi darasa la nne, na jambo hilo halikuwemo.

Aliyetuletea habari alikuwa kijana wa ng'ambo ya mto, ameachiliwa kambini siku nne kabla. Alikuja adhuhuri, tukiwa sote nyumbani. Hakuingia ndani. Mama alimfahamu alikotoka kwa kichwa chake kilichonyolewa, akafurahi, akakimbilia shimo akamletea ndizi mbivu. Akazishika mkononi bila kuzimenya.

Alisema walikuwa wanalala banda moja. Alisema ilikuwa homa ya tumbo, iliwakamata wengi. Alisema, "Tulimzika sisi wenyewe, mama. Tulimlaza vizuri."

Mama alimwuliza lini. Akasema wakati wa kuvuna wimbi.

"Hili tulilovuna juzi?"

"Hapana. Lile la kabla yake."

"Basi si yeye," mama akasema. Alisema kwa utulivu kabisa, kama anayemsahihisha mtoto njia. "Huyu msichana wangu amemwona baada ya hapo. Mwulize."

Wakanigeukia. Sijawahi kutazamwa vile. Nikasema ndiyo, nimemwona, mara nyingi, hata wiki iliyopita Meru nimemwona. Yule kijana akamtazama baba, na baba akainamisha macho. Kijana akaziweka zile ndizi juu ya kigoda, moja, halafu ya pili kando yake, akatuaga.

Lori lilipokuja nilimkimbilia bwana wa sinema kabla hajashuka. Alinieleza kwa upole, na ninamshukuru kwa hilo. Picha ikishachukuliwa hupelekwa Nairobi, kisha ng'ambo ya bahari kusafishwa, inakatwa, inaunganishwa, inarudi na meli, inakaa stoo. Mwaka, zaidi ya mwaka. "Picha si dirisha, binti," akasema. Ule mfereji ulikwisha kuchimbwa zamani, hata maji yanapita.

Nikamtafuta baba. Alikuwa nyuma ya shule anashona mkanda wa kodiani. Nikamwuliza kama alijua.

"Nilijua picha huchelewa."

"Ukaniacha niseme yu hai."

Alivuta uzi mpaka mwisho, akafunga fundo. "Nilipofika nyumbani mama yako alikuwa amekwisha kucheka," akasema. "Ningemnyang'anyaje?"

Nilikuwa namkasirikia, nikajikasirikia mwenyewe zaidi, kwa sababu kile kicheko nilikileta mimi, na kumbe nilikuwa nimeleta mtu aliyekwisha kuzikwa, tena nikamchezesha dansi mbele ya kijiji kizima.

Mama hakulia mbele yetu. Alilijaza lile shimo la ndizi udongo, akaukanyaga.

Kuanzia hapo baba alifanya kazi kama mtu aliyeajiriwa upya. Alitaka kutunga muziki wa hesabu saba tu. Nilimtajia tena na tena: hatua ya kwanza, mbili, tatu, hapa anatazama, tano anageuka, saba ametoka. Alijaribu wimbo aliokuwa anamlaza nao kaka akiwa mtoto. Akasema ni mtamu mno, unadanganya. Alijaribu wimbo wa kanisani wa kuaga. Alijaribu ule alioanza kumfundisha kaka na kaka hakuumaliza, anakwama kila mara mahali pamoja. Akaupiga mpaka mahali pa kukwama, akaacha. Huo ulikaribia. Lakini kila tukiupiga kwenye picha ulizidi, ulitoka nje ya kaka kama nguo ya mtu mwingine.

"Hesabu tena," akaniambia Embu.

Nikahesabu. Sita.

Meru nikapata tano. Baba akamwendea bwana wa sinema, naye akasema filamu ile imezeeka, inakatika mahali pale pale kila mara, na ikikatika anapunguza ncha kidogo ili aiunganishe kwa gundi. Kidogo sana, akasema, hakuna mtu anayeweza kuona. Kweli hakuna aliyeona. Baba ndiye aliyesikia.

Ndipo mama aliposema atakuja. Hakuwahi kuingia kwenye sinema, alikuwa anasema hana haja ya kumwona mtoto wake kwenye shuka. Jumamosi hiyo aliingia shuleni na blanketi la kaka, akaliziba nalo dirisha la upande wa kushoto kwa mkono wake, akaketi chini karibu na tofali langu. Yule jirani mwenye ulimi akamsogezea nafasi, akaketi naye, bega kwa bega.

Filamu ya mfereji ikaanza. Nilivuta kamba mara moja. Baba akapiga cha polepole. Picha ikageuka, nikavuta tena, na kaka akatokea kushoto. Baba akaondoa mikono. Nikasikia tu kodiani inafunguka, haaaa, hewa tupu, hakuna wimbo. Mtu mmoja nyuma akasema mzee amelala, wakamnyamazisha. Kulikuwa na mlio wa mashine ya picha na ile pumzi, basi. Kaka alipofika katikati akatutazama.

"Baba yangu," mama akamwambia, kwa sauti ya kawaida ya nyumbani, "tembea polepole."

Akageuza uso, akatoka. Tano. Picha ilikuwa imegeuka na mimi sikuvuta kamba. Niliishika. Wanaume wengine walikuwa wanapokezana udongo, na baba bado anavuta pumzi ile ile kule nyuma, mpaka mikunjo ikafika mwisho wake na haikuwa na pa kwenda tena.

Filamu ile ilirudishwa Nairobi mwezi uliofuata. Tuliambiwa imechakaa. Baada ya msimu mmoja lori likaja na mashine mpya yenye sauti ndani yake, watu wa kwenye picha wanasema wenyewe, na muziki unatoka huko huko walikotoka. Bwana wa sinema alimshika baba mkono kwa muda mrefu. Baba alirudi nyumbani na kamba ya katani imekunjwa mfukoni, akacheka kidogo, akasema sasa amekuwa sawa na yule Mjapani, naye amefukuzwa na sauti. Nikamkumbusha kwamba Mjapani aliitwa tena baadaye. Akasema ndiyo, lakini yule alikuwa anajua kuandika.

Sasa vijiji vimefunguliwa, tumerudi kwenye mtelemko wetu. Baba analima. Wanasema Nairobi kuna masanduku yanayoonyesha picha ndani ya nyumba za watu, na mimi, kwa kuwa sijapona ndoto, nafikiri huko Japani yapo mengi zaidi, na mtu mwenye miwani ya uzi ameketi anayatungia muziki, anahesabu kwa vidole. Namtakia afya.

Kodiani iko juu ya dari. Panya wameanza kuitamani. Wiki iliyopita baba na mama walikwenda kwenye harusi nikabaki peke yangu, nikaishusha, nikaifuta vumbi, nikakaa kwenye kigoda mlangoni nikapitisha mkanda begani. Sijui kupiga. Nilikitafuta kile kitufe cha pembeni, nikakibonyeza, nikaivuta polepole nikihesabu, nikapita tano, nikaendelea mpaka saba, halafu nikaifunga na kuirudisha kwenye gunia.